Siku Moja Unguja na Mwongozaji Wetu Wenyewe

Mazungumzo na wanakisomo. Yametolewa na kikundi cha wakulima wa viungo kutoka upande wa Matombo, milima ya Uluguru.



Tumeombwa tueleze safari yetu ya Unguja. Wengine mmekwisha sikia habari zake njiani na kisimani, na kila anayesimulia ametia chumvi yake. Wapo wanaosema tulikwenda kuogelea kwa fedha za kikundi. Basi leo tutaeleza wenyewe. Daftari la hesabu liko hapa mezani. Anayetaka kulisoma na alisome.

Kwanza tueleze sababu. Sisi wa milimani tunalima mdalasini, pilipili manga, karafuu na iliki. Mchuuzi huja na mizani yake mpaka mlangoni. Wakati mwingine hanunui hata gome. Ananunua mti mzima ukiwa umesimama, anaukadiria kwa macho, anatoa fedha, na mti si wako tena. Ukimwuliza mdalasini huu unakwenda wapi, anakwambia Kariakoo. Na ukitoka Kariakoo? Unakwenda mbele. Tulichoka na hiyo "mbele".

Kisha tukasikia kwamba Unguja wapo wakulima wenye miti kama yetu ambao wageni huwalipa ili waingie shambani, waitazame na kuinusa tu. Wengi tulicheka. Mtu atoe fedha kunusa jani? Lakini habari ilipozidi, tukachanga. Tukachagua watu 12, wanawake 7 na wanaume 5. Tukapanga siku moja tu kisiwani, tufike asubuhi na kurudi jioni.

KARIAKOO

Tulifika Dar es Salaam siku iliyotangulia. Kutoka Morogoro tulipanda treni ya umeme, ambayo ilianza kuchukua abiria wa Morogoro na Dar es Salaam Juni 2024. Safari yake haifiki saa mbili. Mama mmoja alikuwa amefunga chakula cha njiani, akafika nacho bado cha moto.

Tulilala Kariakoo kwa ndugu. Jina hilo Kariakoo lina habari yake. Katika vita vya 1914 hadi 1918, Waingereza walichukua watu wengi wa Afrika ya Mashariki kuwa wapagazi wa jeshi. Jeshi hilo la wapagazi kwa Kiingereza liliitwa Carrier Corps, na kambi yao ilikuwa hapo. Midomo ya watu ikaligeuza jina likawa Kariakoo. Wapagazi wengi walikufa kwa njaa na maradhi kuliko kwa risasi. Wachache sana wanaonunua vitenge pale wanalijua hilo.

Jengo kubwa la soko lilichorwa na Mtanzania mwenzetu, Beda Amuli, likafunguliwa na Mwalimu Nyerere mwaka 1975. Paa lake limefanana na miavuli iliyogeuzwa, na lilitengenezwa hivyo ili kukinga maji ya mvua. Julai 2021 soko liliungua moto, na baadaye serikali ikalijenga upya.

Lakini sisi hatukwenda Kariakoo kutazama paa. Tulitafuta maduka ya viungo. Tukaingia dukani kwa mtu mmoja, jina tunaliacha. Nyuma kulikuwa na gunia la magome ya mdalasini. Mzee wetu akachukua gome, akalivunja, akalinusa, akasema, "Huu wa kwetu." Mwenye duka akakubali kwamba umetoka Morogoro. Mbele, juu ya meza, palikuwa na vipakiti vidogo vya mdalasini ule ule, na kila kipakiti kimeandikwa: Viungo vya Zanzibar.

Tukasoma mara mbili. Mama mmoja akauliza, "Baba, huu si wa Morogoro?" Mwenye duka akacheka bila hasira. Akasema, "Mama yangu, mteja anataka jina."

Usiku ule hatukulala mapema. Tulizungumza juu ya hilo neno, jina. Mtu anayetaka kujua kwa nini tulitumia fedha ya kikundi kuvuka bahari, jibu ni kile kipakiti.

BANDARINI

Asubuhi kabla ya saa 12 tulikuwa bandarini. Mahali pa kupandia boti za Unguja ni kando ya barabara ya Sokoine, kuelekeana na kanisa kubwa la Mtakatifu Joseph, ambalo Wajerumani walilijenga kati ya 1897 na 1902. Mji huu wenyewe una undugu na Unguja. Aliyeuanzisha katika miaka ya 1860 ni Sultani Majid bin Said wa Zanzibar, karibu na kijiji cha Mzizima. Alipokufa 1870 majengo yake yakaanza kuota majani, mpaka Wajerumani walipoufanya mji kuwa makao yao makuu mwaka 1891.

Sasa sikilizeni vizuri, maana hapa ndipo kisomo kinapokutana na mfuko. Kabla hujafika dirisha la tiketi, vijana watakupokea nje. Watakushika mkono, watakuita mjomba, watachukua mzigo wako. Kijana mmoja alitwambia boti ya saa 1 imejaa, ila yeye anaweza kutupatia nafasi kwa bei yake. Tukamshukuru, tukaenda mpaka kwenye ubao. Ubao ulikuwa umeandika saa za boti na nauli. Nauli ya raia wa Tanzania imeandikwa mbali na nauli ya wageni wa nje, nayo ni ndogo zaidi. Binti yetu aliyemaliza kisomo mwaka jana akasoma kwa sauti, neno kwa neno, na watu wawili waliokuwa nyuma yetu wakamwomba arudie. Dirishani tukapata nafasi zote 12.

Kila mtu achukue kitambulisho. Bila hicho hupati tiketi. Ukiisha pewa tiketi, soma jina lako, tarehe, na saa. Hakikisha una ya kwenda na ya kurudi. Usiitie mfukoni kabla hujaisoma.

Jambo jingine ni usalama. Septemba 10, 2011 meli iliyoitwa Spice Islander ilizama ikitoka Unguja kwenda Pemba, imejaza watu kupita kiasi. Julai 18, 2012 meli ya Skagit, iliyotoka hapa hapa Dar es Salaam, ikazama karibu na kisiwa cha Chumbe. Zaidi ya watu 100 hawakurudi. Kwa hiyo tulipoingia botini, kabla ya kutazama bahari tuliuliza majaketi ya kujiokolea yako wapi. Mabaharia wakatuonyesha. Hakuna aibu katika kuuliza hilo. Chombo kikionekana kimejaa mno, shuka ungoje kingine, hata kama umekwisha lipa.

Boti inapotoka, mkono wa kushoto unaona soko la samaki la Feri na Ikulu ya Magogoni, na mkono wa kulia Kigamboni. Mlango wa bandari ni mwembamba kama kishingo cha kibuyu. Ukiisha upita, mawimbi yanaanza. Safari ni kilomita 70 na zaidi kidogo, mwendo wa saa mbili hivi. Wenye kichefuchefu wakae chini, upande wa nyuma, wasile sana asubuhi. Miezi ya kusi, kuanzia Juni, bahari inakuwa kali. Sisi tulipata bahari ya wastani. Wawili walitapika, nao wamekataa majina yao yatajwe.

KWA NINI MWONGOZAJI WETU WENYEWE

Hapa ndipo penye mabishano, maana fedha nyingi ya siku ile ilikwenda kwa mwongozaji na gari.

Ukifika Unguja unaweza kuzunguka kwa njia tatu. Unaweza kwenda peke yako kwa daladala. Ni rahisi, lakini utaona kuta tu, hutajua zilijengwa na nani. Unaweza kujiunga na gari lililojaa wageni wengine. Kila mtu analipa kidogo, lakini unakwenda wanakotaka wao, unasimama wanaposimama, na mazungumzo yenyewe yatakuwa ya Kiingereza au Kitaliano. Au unaweza kukodi mwongozaji wenu wenyewe kwa siku nzima, pamoja na gari dogo. Huyo anakuwa kama mwalimu mliyemwajiri. Mkimwambia simama, anasimama. Mkimwuliza mara kumi, anajibu mara kumi. Gharama mkiigawa kwa watu 12, haitishi kama mtu mmoja anavyoifikiria.

Hatukumwokota bandarini. Wenyeji wa Unguja wana jina la wale wanaowarukia wageni pale gatini. Wanawaita papasi, yaani wale wadudu wanaong'ang'ania ngozi. Sisi tulimpata wetu wiki mbili mapema, kwa simu, kwa njia ya ndugu anayeishi kule. Tulimwuliza kama ana kitambulisho cha kazi cha Kamisheni ya Utalii ya Zanzibar. Tulimwuliza bei ni ya watu wote au ya mtu mmoja mmoja, na kama ndani yake mna gari, mafuta, chakula na kiingilio. Tukakubaliana nusu asubuhi, nusu jioni. Yote hayo tuliyaandika kwenye karatasi, na alipotupokea gatini tulimpa ayasome. Akasoma, akacheka, akasema, "Wazee wangu, wageni wa Ulaya hawajaniandikia hivi." Kisha akatia sahihi.

Alikuwa kijana wa miaka thelathini na kitu, mwenye adabu. Aliamkia wazee wote mmoja mmoja kabla hajafungua mlango wa gari. Tulimwita mwanetu, naye akatuita mama zangu na baba zangu mpaka jioni. Mama zetu walivaa kanga na kujitanda, na hilo lilimpendeza. Alitwambia wageni wengi hupita mitaani nusu uchi, na wenyeji huumia moyo wasiseme.

SHAMBANI

Tulianza na shamba, kabla jua halijawa kali. Gari lilikwenda kama nusu saa kutoka mjini, mpaka upande wa Kizimbani. Huko kuna mashamba mengi ya wakulima wadogo. Baada ya Mapinduzi ya 1964 serikali ya Zanzibar iligawa ardhi kwa wakulima, na kila aliyepewa alipata eka tatu. Mpaka leo watu wanasema "eka tatu" kama jina la mahali.

Tulitazamia kuona shamba kubwa. Kumbe ni dogo kuliko la wengi wetu! Mkulima ana miti michache ya kila aina: mkarafuu, mdalasini, mkungumanga, iliki, manjano, tangawizi, mchaichai, vanila, na mpilipili manga umepanda juu ya mti mwingine. Ameipanda karibu karibu, kandokando ya kijia kilichofagiwa. Mgeni hatembei mbali wala hapandi mlima. Kila baada ya hatua chache kuna kitu cha kunusa.

Na namna ya kueleza! Mwongozaji hasemi, "Huu ni mdalasini." Anachuma jani, analikunja, anampa mtu, anauliza, "Hii harufu ya nini?" Watu wanabishana. Kisha anaeleza kwamba gome lina harufu yake, jani harufu yake, na mzizi una harufu ya ile dawa ya kuchua kifua mtu akiwa na mafua. Sisi tumelima mdalasini tangu babu zetu, na wengine wetu hatukuwahi kunusa mzizi. Tuliinama chini wote, tukanusa. Ni kweli.

Alituonyesha punje za pilipili manga. Ukizichuma mbichi na kuzianika, zinakuwa nyeusi. Ukiziacha ziive, ukaziloweka na kuzimenya, zinakuwa nyeupe, na bei yake ni nyingine. Mti ni mmoja. Sisi tunajua nyeusi tu.

Mkulima mwenyewe alitupeleka kwenye mdalasini aliokuwa ameukata karibu na ardhi. Kisiki kilikuwa kimechipua machipukizi membamba mengi. Yakikomaa humenya hayo, na gome lake jembamba hujikunja lenyewe kama karatasi. Kisiki kinachipua tena. Tulitazamana. Mti tunaomwuzia mchuuzi unamenywa wote mara moja.

Karafuu nayo si mwenyeji wa pale. Asili yake ni visiwa vya Maluku, huko Indonesia, nayo ililetwa Unguja mwanzoni mwa karne ya 19. Sayyid Said, mtawala wa Oman, alihamishia makao yake Unguja karibu na mwaka 1840, akaamuru penye mnazi mmoja ipandwe mikarafuu mitatu. Kazi ilifanywa na watumwa. Mwaka 1872 kimbunga kikaangusha mikarafuu mingi ya Unguja, Pemba ikapona zaidi, na hata leo karafuu nyingi ya Zanzibar inatoka Pemba. Mkulima wa kule huuza karafuu yake kavu kwa shirika la serikali, ZSTC, lililoanzishwa 1968, na magendo ya karafuu ni kosa la jinai. Kwa hiyo msibebe karafuu hovyo mkirudi.

Lakini habari tuliyoipenda kuliko zote ni ya vanila. Mmea huu asili yake ni Meksiko. Ulipopelekwa nchi nyingine ulitoa maua lakini haukuzaa, kwa sababu wadudu wa kuchavusha maua yake hawakuwako. Wataalamu wakahangaika miaka mingi. Mwaka 1841, katika kisiwa cha Réunion, mashariki ya Madagaska, mtoto mtumwa wa miaka 12 aliyeitwa Edmond Albius alichukua kijiti chembamba, akainua kile kingozi kilichomo ndani ya ua, akakutanisha dume na jike kwa kidole chake. Ua likazaa. Njia hiyo ya mtoto huyo ndiyo inayotumika mpaka leo, ua moja moja, kwa mkono, asubuhi, maana ua hufunguka siku moja tu. Nchi nyingi zikatajirika. Edmond aliachwa huru mwaka 1848 utumwa ulipokomeshwa kule, akafa maskini mwaka 1880.

Vanila hiyo ilifika mbali sana. Katika bahari ya Pasifiki kuna visiwa vya Polinesia, na kimoja kinachoitwa Tahaa kinajulikana kwa vanila. Huko nako mgeni hukodi mtu wa kumzungusha kisiwani siku nzima, akaingizwa shambani, akaonyeshwa ua na kidole. Dunia nzima wanafanya hivyo, ndugu zetu. Sisi tulikuwa tunadhani ni wazimu wa Unguja.

Mwisho wa kijia, kijana alipanda mnazi akiimba na kucheza huko juu, akaangusha madafu. Wageni hupenda sana jambo hilo. Mzee wetu mmoja alisema, "Kwetu tungemwambia ateremke upesi, asituimbie." Kijana mwingine alifuma kofia za makuti, akatuvika. Mtamwona mwenyekiti wetu bado anayo.

Kisha tukaketi kwenye mkeka, tukala pilau. Hapo tukamshika mkulima kwa maswali, na hapa ndipo mwongozaji wetu alipotufaa hasa. Kama tungekuwa na wageni wengine garini, tungeambiwa muda umekwisha. Yeye alitulia, akanywa chai, akatuachia saa nzima.

Mkulima alieleza wazi. Anachopata kwa mgeni kuingia tu ni kidogo. Lazima kigawanywe: aliyefagia njia, aliyepanda mnazi, mfuma kofia, mama aliyepika. Wote wamekubaliana mafungu yao kabla, na bila hivyo wangegombana kila siku. Fedha yenyewe iko kwenye meza ya mwisho, penye vipakiti. Mgeni aliyekwisha nusa, akaonja, akacheka, hawezi kuondoka mikono mitupu. Tulipiga hesabu chini kwa kijiti. Kwa bei ya vipakiti vitatu vidogo, mchuuzi huku kwetu anaondoka na karibu kilo nzima.

Tukamwuliza kama mdalasini wote ule mezani ni wa shamba lake. Akatazama chini kidogo. Akasema mwingine hununua mjini, maana miti yake haitoshi. Mjini unatoka wapi? "Bara," akasema. Hatukuona haja ya kuendelea.

MJINI

Mchana tulirudi Mji Mkongwe. Mwaka 2000 shirika la Umoja wa Mataifa la UNESCO liliuweka katika orodha ya urithi wa dunia. Vichochoro vyake ni vyembamba, watu wawili wenye vikapu hawapishani. Tuliona Ngome Kongwe, iliyojengwa na Waarabu wa Oman baada ya kuwafukuza Wareno mwaka 1698. Tuliona Beit al-Ajaib, ikulu ya Sultani Barghash ya mwaka 1883, ambayo sehemu yake ilianguka Desemba 25, 2020 na kuua watu. Hayo tulipita upesi.

Tulipokaa ni Mkunazini. Hapo palikuwa soko la watumwa. Lilifungwa Juni 1873, Barghash alipotia sahihi mkataba na Waingereza, na juu ya kiwanja kile likajengwa kanisa la Anglikana. Nje kuna shimo lililojengewa, na ndani yake sanamu za watu wamefungwa minyororo shingoni. Aliyezichonga ni mwanamke wa Sweden, Clara Sörnäs.

Mwongozaji alitushusha kwenye vyumba vya chini, vifupi, vyenye giza. Wengi huambiwa watumwa walifungiwa humo. Yeye alitwambia kwamba wapo wanahistoria wanaosema jengo lile lilijengwa baada ya soko kufungwa. "Lakini kwamba soko lilikuwa hapa," akasema, "hilo halina mbishi." Tulimheshimu kwa neno hilo. Angeweza kutuacha tulie tu.

Mama mmoja wetu akauliza, "Na watu wa kwetu walipita hapa?" Akajibu kwamba njia ya misafara kutoka bara kuja Bagamoyo ilipita Simbamwene. Simbamwene ndiyo Morogoro yetu ya leo. Hakuna aliyeuliza tena. Mama yule akakaa kwenye ngazi kidogo, nasi tukamngojea. Ndiyo faida nyingine ya kuwa na mwongozaji wenu wenyewe. Hakuna mgeni aliyetazama saa yake.

Ndani ya kanisa hilo kuna habari inayotuhusu sisi wanakisomo. Askofu Edward Steere, aliyelijenga, ndiye aliyeandika mojawapo ya vitabu vya mwanzo vya kueleza Kiswahili cha Unguja, mwaka 1870. Baadaye, mwaka 1928, mkutano uliofanyika Mombasa ulichagua Kiswahili hicho cha Unguja kiwe msingi wa Kiswahili cha shule katika Afrika ya Mashariki. Kwa hiyo zile silabi tulizozisoma ubaoni chini ya mwembe zilivuka bahari ile ile.

Boti ya kurudi ilikuwa saa 10 jioni. Mwongozaji alitufikisha gatini saa 9 na nusu, tukammalizia nusu yake, akaandika risiti. Saa 12 na kitu tulikuwa Dar es Salaam, taa zinawaka.

TULIYOYALETA

Mmeuliza tumeleta nini. Tumeleta mambo mawili ya kuamua.

La kwanza ni jina. Tunataka vipakiti vyetu viandikwe Mdalasini wa Uluguru, vikauzwe Kariakoo na Morogoro mjini kwa jina hilo. Binti zetu wa kisomo wameanza kuandika vibandiko kwa mkono. Wawili kati yao wanaandika "Ulugulu", tunawasahihisha.

La pili ni kijia. Wageni wanaopanda milima yetu wanafika Morogoro kila mwaka, na wanapita bila kujua kilichoko kwenye mashamba. Eka moja karibu na barabara ingetosha. Tumeipata. Miti iko. Wa kueleza wako, na wazee wengine wameanza kunusisha wajukuu wao mizizi.

Kikwazo ni kimoja. Midalasini minne iliyo mizuri kuliko yote, ile iliyo kandokando ya hicho kijia, imekwisha lipiwa na mchuuzi tangu wakati wa njaa, nayo bado imesimama. Atakuja kuimenya baada ya mvua. Wenye miti wanasema warudishiwe fedha ya kumlipa ili aiache. Wengine wanasema fedha ya kikundi haiwezi kukomboa mti wa mtu mmoja. Sisi 12 wenyewe tumegawanyika, sita kwa sita. Mkutano ni Jumamosi, saa 8 mchana, darasani. Kila mwanachama aje na daftari lake la michango.